Matarajio halali: barua ya chuo cha ualimu inapogeuka kesi

Tuseme kuna msichana mwenye D+ ya KCSE, mtihani wa mwisho wa sekondari nchini Kenya. Wizara imetangaza kwamba vijana wa kaunti yao wataruhusiwa kusomea ualimu kwa alama hiyo. Ameomba, ameitwa, sanduku limenunuliwa na godoro limefungwa kamba. Wiki moja kabla ya kuripoti anaambiwa kiwango kimerudishwa juu na barua yake haina kazi tena. Akienda kwa wakili, neno atakalolisikia mapema ni matarajio halali.

Maana yake ni hii: ofisi ya umma ikikuahidi jambo waziwazi, nawe ukapanga maisha yako ukiitegemea ahadi hiyo, haiwezi kukugeuka ghafla bila kukusikiliza na bila sababu ya kutosha. Si mkataba. Wala si matumaini, kwa sababu matumaini kila aliyejaza fomu anayo. Nchini Kenya hoja hii hutembea bega kwa bega na Kifungu cha 47 cha Katiba ya 2010, kinachompa kila mtu haki ya kutendewa na ofisi za serikali kwa njia halali, ya busara na inayofuata utaratibu wa haki.

Mahakama ya Juu iliieleza kanuni hii mwaka 2014, katika kesi ambayo haikuhusu walimu hata kidogo: ilikuwa vita vya vituo vya televisheni na serikali kuhusu kuhamia matangazo ya dijitali. Majaji walisema ahadi iwe wazi isiyo na utata, matarajio yenyewe yawe ya busara, na aliyeahidi awe na mamlaka ya kisheria ya kuahidi. Tena, hakuna matarajio halali yanayoweza kusimama dhidi ya sheria iliyo wazi.

Hapo kwenye mamlaka ndipo kesi za vyuo vya ualimu huwa ngumu, kwa sababu mlango huo una mabawabu wengi. Wizara ya Elimu hutoa sera. Mamlaka ya kitaifa ya kusimamia sifa za masomo, KNQA, nayo ina sheria yake ya mwaka 2014. Halafu kuna Tume ya Huduma za Walimu, TSC, ambayo Kifungu cha 237 cha Katiba kinaipa kazi ya kusajili walimu, kuwaajiri, na kuchunguza viwango vya elimu na mafunzo ya wanaoingia katika kazi hiyo. Mwaka 2018 Wizara, chini ya Waziri Amina Mohamed, ilishusha alama za kujiunga kwa ajili ya kaunti zilizoachwa nyuma: D+ kwa cheti cha P1, yaani cha ualimu wa shule za msingi, na C- kwa diploma. Sababu haikuwa ya kubuni. Kaskazini mwa nchi, walimu waliotoka kwingine walikuwa wamekimbia mashambulizi ya al-Shabaab na madarasa yakabaki bila watu. TSC ilipinga, na mzozo ukafika mahakamani.

Tazama basi mwanafunzi wetu alivyobanwa. Wakili wa upande wa pili hahitaji kukana kwamba aliahidiwa. Atasema tu kwamba aliyeahidi hakuwa na uwezo huo, na hoja yote inayumba. Hata akiruhusiwa kusoma, hatari haijaisha: kwa Sheria ya TSC ya mwaka 2012, hakuna anayeruhusiwa kufundisha bila kusajiliwa. Mtu anaweza kumaliza chuo, akafaulu mitihani, kisha akakwama kwenye dirisha la usajili kwa sababu ya alama aliyoingia nayo. Kwa maoni yangu huo ndio ukatili mkubwa wa mvutano huu, kwamba ofisi mbili zinagombana na anayelipa karo ni wa tatu.

Watu wengi pia huchanganya tangazo na barua. Tangazo linalosema "alama ya chini ni C" halimwahidi mwenye C nafasi. Linamruhusu kupanga foleni. Barua yenye jina lako, kozi na tarehe ya kuripoti ndiyo inayokaribia ahadi. Vilevile sera inaweza kubadilika kwa wanaokuja. Cheti cha P1 kiliondolewa, na mwaka 2021 vyuo vikaanza diploma ya miaka mitatu iliyodai C. Kijana aliyekuwa bado sekondari akipigia hesabu P1 hana kesi ya maana hapo. Aliyekuwa na barua mkononi, anayo.

Na akishinda? Mahakama kwa kawaida haikai kwenye kiti cha mkuu wa chuo. Hubatilisha uamuzi na kuurudisha ufanywe upya, safari hii mwombaji akisikilizwa. Kwa hiyo ushindi unaweza kufika wakati wenzake wako muhula wa tatu na kitanda chake kina mtu mwingine. Ndiyo sababu mawakili hukimbilia kwanza amri ya muda ya kulinda nafasi hadi kesi isikizwe, wakiambatisha nakala ya tangazo, barua ya kuitwa na risiti ya karo, kabla siku ya kuripoti haijapita.