Siasa Katika Jiwe na Noti: Dhana Potofu Kuhusu Minara ya Uganda

Wageni wanaofika Kampala kutoka Mombasa, Dar es Salaam au Goma huuliza jambo moja mara kwa mara: sanamu ya Idi Amin iko wapi? Wanaamini kwamba dikteta hakosi sanamu, tena kubwa, iliyosimama katikati ya mji huku imeinua mkono. Wasipoiona, wanaamua kwamba Amin alitawala kwa bunduki peke yake, na kwamba sanaa ya kumtukuza mtawala ni mambo ya Urusi na Korea Kaskazini. Nimeyasikia haya hata kwa vijana wetu waliozaliwa baada ya 1986, mwaka Museveni alipoingia madarakani. Yananiuma, kwa sababu asiyejua propaganda hukaa wapi hawezi kuitambua hata akiwa ameishika mkononi.

"Pasipo sanamu hapana propaganda"

Tuanze na hicho kinachoshikwa mkononi: noti. Amin alitwaa madaraka tarehe 25 Januari 1971, na mwaka 1973 zikatoka noti mpya zenye sura yake. Sanamu huonwa na anayepita mjini tu. Noti inafika Moroto, inafika Kisoro, inafungwa kwenye pindo la kitenge cha mama muuza ndizi, inahesabiwa na mtu asiyejua kusoma hata neno moja. Hakuna aliyenunua chumvi bila kumtazama rais usoni.

Alipong'olewa mwezi Aprili 1979, noti zilikuwa miongoni mwa vitu vya kwanza kubadilishwa, na pale palipokuwa na sura yake pakachorwa jengo la Benki Kuu ya Uganda. Obote, rais aliyepinduliwa na Amin, aliporudi Ikulu, sura yake nayo ikapanda kwenye noti. Mwaka 1987 serikali ya Museveni ilibadilisha fedha na kukata sifuri mbili, na tangu wakati huo noti za kawaida hazibebi sura ya rais. Hilo nalipongeza kwa moyo mmoja.

Kisha kuna majina ya majengo. Ile hoteli ndefu ya Nakasero ambayo leo ni Sheraton ilifunguliwa miaka ya 60 kwa jina la Apolo, jina la Apolo Milton Obote mwenyewe. Amin akalifuta, ikawa Kampala International. Bulange, jengo la bunge la Buganda pale Mengo, lilipata pigo zito zaidi. Baada ya Obote kuvamia Lubiri, makao ya Kabaka, mfalme wa Buganda, mwaka 1966 na kufuta falme mwaka 1967, jengo hilo lilifanywa makao ya jeshi na kubandikwa jina la Republic House. Halikuvunjwa hata tofali moja. Muganda aliyepita hapo alisoma jina jipya juu ya nyumba ya wazee wake na kujua nani ameshinda.

"Mnara wa Uhuru ni sanaa tu, hauna siasa"

Mnara huu uko karibu na bustani ya hoteli hiyohiyo. Una urefu wa kama mita 6, wa zege. Ukiusogelea utaona mtu mzima, ambaye wengi humwita mama, miguu imezongwa kwa vifungo, akimwinua mtoto aliyenyoosha mikono juu. Aliyeuchonga ni Gregory Maloba, mzaliwa wa magharibi ya Kenya, aliyesoma kisha akafundisha Makerere. Wapo wanaoudhika wakisikia kwamba mchongaji wa Uhuru wetu alikuwa Mkenya. Mimi sioni aibu yoyote. Makerere ya siku zile ilikuwa ya Afrika Mashariki nzima.

Ninachotaka watu wakiangalie ni kwamba mnara huu uliagizwa wakati Mwingereza bado ameshika usukani. Aliyekuwa anaondoka ndiye aliyelipia picha ya kuondoka kwake, na katika picha hiyo yeye mwenyewe hayumo. Hakuna askari, hakuna kodi ya kichwa, hakuna gereza. Kuna mama, mtoto na vifungo visivyosema vilifungwa na nani. Naipenda kazi ya Maloba, na ninaamini alichonga alichokiamini. Lakini kwa kuwa haina sura ya mtu wala jina la adui, kila utawala uliofuata uliweza kuitumia: Obote, Amin, waliokuja baada yake, hadi leo ambapo imechapwa kwenye noti zetu zilizotoka mwaka 2010. Amin hakuwa na sababu ya kuibomoa.

"Majina aliyoyaweka Amin yalikuwa wazimu mtupu"

Hii ndiyo dhana inayonisumbua kuliko zote, maana kumcheka Amin kumetuzuia kumwelewa. Ni kweli, Ziwa Edward aliliita Ziwa Idi Amin Dada, na Ziwa Albert likaitwa Mobutu Sese Seko. Madikteta wawili wakapeana mikono juu ya ramani. Lakini katika miaka hiyohiyo maporomoko ya Murchison yaliitwa Kabalega. Murchison alikuwa mwanajiolojia wa Uingereza ambaye hakuwahi kuyaona maporomoko hayo. Kabalega alikuwa Omukama, yaani mfalme, wa Bunyoro aliyepigana na Waingereza miaka mingi, akakamatwa mwaka 1899 na kupelekwa uhamishoni Shelisheli. Nani kati ya hao wawili ana haki ya kuitwa jina la maji yale? Amin alipoanguka, jina lake lilifutwa ziwani, na la Kabalega likafutwa pamoja nalo. Murchison akarudi.

Ndivyo propaganda yenye akili inavyofanya kazi. Inatafuta dai la haki lililosahauliwa, inalivaa kama kanzu. Tazama mazishi ya Kabaka Mutesa II. Alifukuzwa nchini mwaka 1966, akafia London mwaka 1969. Amin alikuwa kamanda wa jeshi lililoishambulia Lubiri na kumfukuza. Mwaka 1971, wiki chache tu baada ya mapinduzi, huyohuyo Amin aliurudisha mwili ukazikwa Kasubi, kwenye makaburi ya wafalme, kwa heshima zote. Machozi ya Wabaganda yalikuwa ya kweli, na madai yao yalikuwa ya haki. Utawala mpya uliyatumia machozi hayo kama mhuri.

Na mwaka 1975, wakati wa mkutano wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika jijini Kampala, Amin alibebwa kwenye kiti na wazungu mabegani. Picha ile ilizunguka dunia. Ulaya waliona kichekesho. Waafrika wengi waliona mzigo uliogeuka, na walifurahi. Msimwite mjinga mtu aliyeweza kuandaa picha kama ile.

"Picha za propaganda zimetungwa, hazina ukweli"

Katika hifadhi ya shirika la utangazaji la taifa, UBC, kulikutwa filamu hasi kama 70,000 zilizopigwa na wapiga picha wa Wizara ya Habari, nyingi za enzi za Amin. Mwaka 2019 baadhi zilionyeshwa katika Jumba la Makumbusho la Uganda pale Kamwokya. Aliyekwenda akitarajia uongo aliona watu wakicheza ngoma, mikutano ya hadhara, michezo, rais akicheka. Yote yalitokea. Kamera haikudanganya.

Kilichokosekana ni kile ambacho kamera haikupelekwa kukipiga: vyumba vya chini vya State Research Bureau, polisi wa siri wa Amin, kule Nakasero, Jaji Mkuu Benedicto Kiwanuka akitolewa mahakamani kwa nguvu Septemba 1972 asirudi tena, maiti mtoni Nile. Uongo wa propaganda mara nyingi hukaa nje ya fremu. Tena nyingi za picha hizo hazikuwahi kusafishwa wala kuchapwa. Mimi naamini kazi ilikuwa imekwisha pale mpiga picha wa wizara alipotokea na kamera yake shingoni: kila mtu alinyoosha mgongo na kupiga makofi, akijua anatazamwa.

Propaganda haikuhitaji kuaminiwa. Askofu Mkuu Janani Luwum alipofikishwa mbele ya kusanyiko la wanajeshi Februari 1977, huku silaha zimepangwa hadharani kama ushahidi dhidi yake, wengi waliokuwepo walijua ni maigizo. Baadaye ikatangazwa kwamba amefariki katika ajali ya gari, na hilo nalo wengi walilijua lilivyo. Onyesho lilikuwa limeshafanikiwa: kila mmoja aliona kwamba hakuna wa kusimama na kupinga. Leo Luwum ana barabara katikati ya Kampala, ana sikukuu ya taifa tarehe 16 Februari, na sanamu yake imesimama ukutani Westminster Abbey, London.

"Utawala ukianguka, alama zake huanguka nao"

Si hapa kwetu. Msikiti mkubwa wa Old Kampala ulianza kujengwa enzi za Amin, ukakaa gofu miaka mingi, ukamaliziwa kwa fedha za Gaddafi na kupewa jina lake. Gaddafi alipoanguka, jina likabadilishwa, ukawa Msikiti wa Taifa. Watu wanaswali humo bila kumuwaza hata mmoja wao, na ni sawa.

Mnara wa Saa, ule unaoupita ukielekea barabara ya Entebbe, unahusishwa na ziara ya Malkia Elizabeth ya mwaka 1954. Ulijengwa kwa furaha ya himaya. Mwezi Februari 1973 Amin aliamuru watu walioitwa waasi wapigwe risasi hadharani katika miji mbalimbali, na uwanja wa Mnara wa Saa ukawa mojawapo ya sehemu hizo. Septemba 1977 ikawa hivyo tena. Hakuongeza jiwe wala kuondoa jiwe. Alibadilisha tu kinachokumbukwa na waliosimama pale. Ukipita leo kwenye barabara za juu zilizojengwa karibuni, utaona saa tu.

"Wasanii wote waliimba sifa"

Byron Kawadwa, mwandishi wa tamthilia na mkurugenzi wa Jumba la Maigizo la Taifa, aliuawa mwaka 1977 muda mfupi baada ya kundi lake kurudi kutoka tamasha la Lagos. Na katika maktaba kuu ya Makerere iko kazi ya Francis Nnaggenda aliyoichonga katikati ya vita vya miaka ya 80: mwili wa mti uliopoteza viungo, lakini umesimama. Hakuna serikali iliyotukuzwa hapo. Nendeni mkaione.

"Mnara wa wafu hauna chama"

Hapa naomba tuongee taratibu, kwa heshima ya waliofiwa. Vita vya msituni vya Museveni dhidi ya serikali ya Obote vilianza Kabamba tarehe 6 Februari 1981, ndiyo maana jeshi letu lina sherehe ya Tarehe Sita. Luwero ndiko raia walikokufa kwa wingi. Baada ya 1986 mafuvu yao yalipangwa kando ya barabara, kila mtu ayaone. Kilio kilikuwa halali na wauaji walikuwepo. Lakini katika kampeni za uchaguzi wa 1996, picha za mafuvu hayo zilitumika kwenye matangazo ya magazetini kuwatisha watu wasimpigie kura Paul Ssemogerere, mpinzani wa Museveni, aliyekuwa ameungana na UPC, chama cha Obote. Mifupa ya mtu asiye na jina ikageuzwa bango la kura. Mtu anaweza kukubali kila neno kuhusu mauaji ya Luwero na bado akakataa matumizi hayo. Mimi nayakataa.

Mukura, huko Teso, ni tofauti. Tarehe 11 Julai 1989 wanajeshi wa serikali waliwafungia wanaume ndani ya behewa la treni, wakishukiwa kuwa waasi, na 69 kati yao wakafa kwa kukosa hewa. Serikali ileile ilijenga ukumbusho na shule yenye jina la tukio. Kwa hiyo si kweli kwamba mtawala hawezi kamwe kukiri katika jiwe. Anaweza, akibanwa na wenyeji wasiochoka.

Barlonyo, kaskazini mwa Lira, wenyeji bado hawajachoka. Tarehe 21 Februari 2004 waasi wa LRA waliingia katika kambi ya wakimbizi wa ndani, wakachoma nyumba watu wakiwa ndani. Walionusurika wanasema waliokufa ni zaidi ya 300. Kibao kilichowekwa juu ya kaburi la pamoja kinasema 121. Hakuna sifa za kiongozi kwenye kibao kile, hakuna ngumi iliyoinuliwa, kuna tarakimu tatu tu. Lakini kambi ile ilikuwa chini ya ulinzi wa serikali, na kadiri idadi inavyopungua ndivyo swali la ulinzi linavyopungua uzito. Mtu anayesoma 121 na kuondoka amebeba hesabu ya upande mmoja bila kujua kwamba kuna nyingine.

Februari 2025 Mahakama Kuu iliamuru Mamlaka ya Jiji la Kampala iondoe majina ya wakoloni katika barabara na bustani za mji. Uamuzi mzuri, Mnara wa Uhuru umekaa kando ya barabara ya Speke muda mrefu mno. Ila kama mahakama inaweza kuagiza kibao cha Mwingereza aliyekufa karne ya 19 king'olewe, basi kile cha Barlonyo nacho kinaweza kuandikwa upya, safari hii kwa majina badala ya tarakimu. Walionusurika wapo, na wanawajua waliokufa mmoja mmoja.