Hoteli ya umeme ya Segundo de Chomón: yanayosemwa na yaliyo kweli

Wengi wanaamini filamu za uhuishaji zilianza na Walt Disney. Mwaka 1908, Disney akiwa bado mtoto mdogo, Mhispania Segundo de Chomón, mzaliwa wa Teruel, aliitengenezea kampuni ya Kifaransa ya Pathé filamu fupi, El hotel eléctrico. Mume na mke wanafika hotelini, mizigo inapanda yenyewe, brashi inang'arisha viatu vya bwana bila mkono wa mtu. Mchoro humo hamna. Kwa hiyo hata ile imani kwamba uhuishaji lazima uwe katuni inaanguka hapohapo.

Basi brashi ilivutwa kwa nyuzi? Hapana. Ilipigwa picha moja, kamera ikasimamishwa, brashi ikasogezwa kidogo, ikapigwa nyingine. Kwa kasi ya picha kama 16 kwa sekunde, sekunde kumi tu zilidai picha 160 hivi. Mtazame bibi anapotengenezwa nywele. Huyo ni Julienne Mathieu, mke wa Chomón, na ilimbidi atulie tuli kila vifaa vilipohamishwa. Mimi naona ufundi wenyewe uko hapo. Ile fujo ya mwishoni, mlevi anapovuruga mitambo na samani zikaanza kurukaruka, inachekesha tu.

Mashabiki nao hutia chumvi. Husema filamu ilitoka 1905, hivyo ni ya kwanza duniani kwa mbinu hiyo. Watafiti wengi sasa wanaiweka 1908, na J. Stuart Blackton wa Marekani alikwishatoa filamu yake ya hoteli ya mazingaombwe mwaka 1907. Sioni kama Chomón anapungukiwa kitu kwa kutokuwa wa kwanza.

Eti alikuwa kivuli cha Georges Méliès, Mfaransa wa filamu za mazingaombwe? Hapa pana ukweli kidogo: filamu yake ya safari ya mwezini ya 1908 ilifuata nyayo za ile ya Méliès ya 1902, tena bila kificho. Lakini mwigaji mtupu asingeitwa Turin, Italia, kushughulikia kamera na mbinu za picha za filamu ya Cabiria (1914), wala asingeshirikishwa katika filamu ya Napoléon ya Mfaransa Abel Gance (1927).

Wengine hudhani Hispania ilinyamaza baada yake. Mwaka 1945 Barcelona ilizindua Garbancito de la Mancha, filamu ndefu ya katuni ya rangi, ya mwanzo kabisa ya aina hiyo Ulaya.