Dodoma ya kwenye ramani za zamani, tuwekane sawa kidogo

Hii naisikia sana kwa waliohamia na ofisi zao: eti Dodoma lilikua pori mpaka serikali ilipokuja 2016. Jamani! Reli ya Mjerumani ilishapita hapa kabla haijafika Tabora 1912, na kwenye ramani za zamani unaiona stesheni, mitaa ya Uhindini imenyooka, af kule mbali majina ya vijiji vya Wagogo, Mtumba, Ihumwa, Nzuguni. Mji ndo umeyafuata hayo majina. Kukua umekua kweli, sensa ya 2012 ilihesabu watu 410,956, ya 2022 ikakuta 765,179.

Nyingine, mtu anarusha mchoro kwenye grupu anaandika "Dodoma enzi za Mwalimu", kumbe ni masta plani ya 1976 iliyochorwa na Wakanada baada ya uamuzi wa 1973 wa kuhamishia makao makuu huku. Ile ni ramani ya kilichotakiwa kujengwa, na mengi yaliishia kwenye karatasi, hata Mji wa Serikali umekuja kukaa Mtumba, kama kilometa 17 kutoka mjini, sio pale walipochora wao.

Na wanaodhani jina la kijiji chao kwenye ramani ya mkoloni linawapa umiliki wa shamba, hapana, hapo utaulizwa hati na upimaji.

Ila inayoniuma ni hii ya kwamba ramani ya zamani haina kazi tena kwa sababu kila kitu kimebadilika. Nyumba ndo zimebadilika, maji yana njia yake ileile. Chukua ile ramani ya skeli ya 1 kwa 50,000, sentimita moja ni mita 500, korongo la msimu limechorwa mstari wa bluu uliokatikakatika. Mwaka juzi dalali alinipeleka kuona kiwanja mwezi wa nane, vumbi tupu, ila chini mchanga mlaini umetandazwa vizuri mno, nikamuuliza huu umetoka wapi, akacheka akasema ni wa kujengea, bure kabisa. Nikaenda kuifananisha ramani na picha ya satelaiti, ule mstari wa bluu unapita katikati ya bikoni nne, yale mawe ya mipaka ya kiwanja. Sikulipa. Januari nimepita tena na bodaboda, maji mekundu yanakwenda, bikoni naziona mbili tu, na aliyekinunua alishamwaga tripu tatu za kokoto.