Mkopo wa nyumba: rejesho la mwezi sio bei ya nyumba yako

Habari zenu wapendwa. Miezi hii ya karibuni dawati letu la mikopo ya nyumba linapokea lalamiko moja linalojirudia kwa sura tofauti, mtu anakuja na stetimenti mkononi amekasirika kwelikweli anasema nimelipa miaka mitano sijawahi kuruka hata mwezi mmoja, mbona deni liko palepale, mmeniibia. Tunakaa naye chini tunapiga hesabu, anaondoka kaelewa ila kaumia, maana alitakiwa kuelewa kabla hajasaini na sio baada ya miaka mitano. Kwa hiyo leo niongee na nyie ambao bado hamjasaini, na wale mliosaini ambao bado mna nafasi ya kuokoa kitu.

Tuanze na namba. Riba za mikopo ya nyumba hapa Tanzania miaka ya karibuni zimekuwa zinacheza kati ya asilimia 13 na 19 kwa mwaka, inategemea benki, inategemea na wewe mwenyewe ukoje. Tuchukue ya katikati, asilimia 16. Mkopo sh milioni 80, miaka 20, riba inayopigwa kwenye salio linalopungua, yaani kwenye deni lililobaki tu. Rejesho lako linakuja kama sh 1,113,000 kila mwezi. Mtu akisikia hivyo anapiga hesabu ya mshahara wake, anaona inaingia, anaona na moja ya tatu ya mshahara inabaki kama utaratibu unavyotaka, basi anasaini. Hakuna aliyezidisha mara 240.

Ukizidisha unapata sh milioni 267. Yaani milioni 80 ni ya nyumba na milioni 187 ni ya riba. Hujanunua nyumba moja, umelipia zaidi ya tatu na unaishi kwenye moja.

Sasa angalia ile milioni moja na laki moja na kumi na tatu ya mwezi wa kwanza inaenda wapi. Riba ya mwezi huo peke yake ni sh 1,066,667. Kinachobaki kupunguza deni ni sh 46,000 na kitu. Mwaka mzima wa kwanza umetoa zaidi ya milioni 13.3 na deni limeshuka kwa kama laki sita tu. Miaka mitano, ndio yule mteja wetu wa stetimenti, kalipa karibu milioni 66.8 na salio linasoma milioni 75.8. Hakuna aliyemwibia, hesabu ndio ilivyo, na iko vilevile kwa benki yoyote inayotumia rejesho la kiasi kilekile kila mwezi. Nusu ya deni, ile milioni 40, unaifikia unakaribia mwaka wa 16. Naomba urudie kusoma hiyo sentensi. Mwaka wa 16 kati ya 20.

Hapo ndipo ninapotaka tukae kidogo, maana ukielewa hili moja mengine yote yanakaa sawa: deni la nyumba linakuwa zito mwanzoni, na hela yoyote ya ziada unayoiweka mwanzoni ina nguvu ambayo haitakuwa nayo tena baadae. Kwa mfano wetu huohuo, ukiongeza sh milioni moja mara moja tu pamoja na rejesho la kwanza, ikaingia kupunguza deni la msingi, yaani ile hela yenyewe uliyokopa bila riba, inafuta karibu marejesho 19 ya mwishoni. Milioni moja inafuta kama milioni 21! Milioni hiyohiyo ukija nayo mwaka wa 16 inafuta rejesho moja na kipande. Sasa watu wetu wanafanya kinyume, miaka ya mwanzo hela ya ziada inaenda kwenye fensi na tailizi na geti la umeme, halafu mtu akikaribia kustaafu ndio anakuja na kiinua mgongo anataka kumaliza deni, wakati huo riba kubwa yote kashailipa.

Ila zingatia, nimesema iingie kupunguza deni la msingi. Ukiingiza tu hela kwenye akaunti bila maelekezo mfumo unaweza kuiacha pale inasubiri kukatwa marejesho yanayokuja, na hapo hujaokoa chochote. Andika barua au jaza fomu, sema wazi ni malipo ya kupunguza deni la msingi, na sema pia unataka muda ufupishwe na sio rejesho lishuke. Halafu mwezi unaofuata omba stetimenti uhakikishe. Na kabla ya hayo yote soma mkataba wako kama kuna ada ya kulipa kabla ya muda, ipo kwenye mikataba mingi, kwingine ni ndogo, kwingine inauma.

Muda nao. Watu wanaomba miaka 20 au 25 kwa sababu rejesho linakuwa dogo, sawa, lakini linakuwa dogo kwa kiasi gani? Milioni 80 ileile kwa miaka 15 rejesho ni kama sh 1,175,000. Tofauti na miaka 20 ni sh 62,000 kwa mwezi, na hiyo 62,000 inakuokolea zaidi ya milioni 55. Ukiweza miaka 10 rejesho ni sh 1,340,000 na jumla unalipa milioni 161 badala ya 267. Simlazimishi mtu, kila mmoja anajua majukumu yake, ila usichague muda mrefu kwa sababu tu ndio alioutaja afisa mikopo wa kwanza.

Na hapa nigusie kitu kinaitwa kurekebisha mkopo, pamoja na ile top-up mnayoipenda sana, yaani kuongezewa hela juu ya mkopo ulionao. Mtu kafika mwaka wa tano kabanwa, anaomba turudishe muda uwe miaka 20 tena. Rejesho linashuka kutoka 1,113,000 hadi kama 1,054,000. Kapata nafuu ya sh 59,000 kwa mwezi, na kaongeza karibu milioni 53 kwenye jumla atakayolipa kuanzia siku hiyo. Kama umeumwa au umepoteza kazi, rekebisha, ndio maana huduma ipo na njoo mapema. Kama ni kwa ajili ya sherehe au gari, tafadhali sana fikiria mara mbili.

Sasa kuna hili la wateja kuniambia "BoT (Benki Kuu) wamesema riba ni asilimia 5.75 nyie mnanitoza 16". Hili naliskia kila wiki na nalijibu kila wiki. Riba ya Benki Kuu, ambayo imeanza kutumika Januari 2024, inahusu Benki Kuu na mabenki, ni kiongozi cha mabenki kukopeshana fedha za muda mfupi. Haijawahi kuwa riba ya mkopaji wa nyumba. Benki inakukopesha kwa miaka 20 kwa kutumia amana ambazo wenyewe wanaweza kuzichukua kesho asubuhi, na hicho ni sehemu kubwa ya kinachopandisha bei. Ndio sababu ilianzishwa kampuni ya TMRC (Tanzania Mortgage Refinance Company) mwaka 2010, kuyapa mabenki fedha za muda mrefu, na kweli imesaidia, zamani riba za hapa zilikuwa juu ya asilimia 20. Lakini kulinganisha 5.75 na 16 kama vile ni kitu kimoja sio sahihi na inapoteza muda wa kila mtu.

Unachotakiwa kuuliza ni kama riba yako ni ya kudumu au inabadilika. Kwenye mfano wetu, ikipanda kutoka 16 hadi 18 baada ya miaka mitano, rejesho linaruka hadi kama sh 1,220,000. Una nafasi ya laki moja na saba ya ziada kila mwezi? Kama jibu ni hapana, basi huo mkopo tayari ni mkubwa kwako hata kama leo unaingia.

Uliza pia kama ni riba ya salio linalopungua au ni riba bapa, ile inayopigwa kwenye kiasi cha mwanzo mpaka mwisho. Mikopo ya nyumba ya mabenki kwa kawaida ni ya salio linalopungua, ila mtu anayejenga kidogokidogo anaenda kwa wakopeshaji wengine anaambiwa asilimia 12 tu, anafurahi. Asilimia 12 bapa kwa miaka mitano, ukiiweka kwenye salio linalopungua, ni kama asilimia 20.

Gharama za mwanzo nizipitie haraka: mchango wako mwenyewe kwenye bei ya nyumba, ada ya kushughulikia mkopo, mthamini, wakili, ushuru wa stempu asilimia 1 kwenye uhamisho, usajili wa rehani, bima ya moto na bima ya maisha ya mkopaji. Bima ndio inasahaulika kwa sababu inarudi kila mwaka au inaingizwa ndani ya mkopo, na ikiingizwa ndani inalipiwa riba. Kodi ya majengo inakatwa unaponunua umeme wa LUKU, 1,500 kwa mwezi kwa nyumba ya kawaida na 7,500 kwa kila sakafu ya ghorofa, hiyo haitakuvunja mgongo. Angalia tu hati ina miaka mingapi imebaki, hati ya miaka 33 iliyobakiza 15 haiwezi kubeba mkopo wa miaka 20 na kuhuisha ni hela na muda.

Kuhusu mwenza. Sheria ya Ardhi inataka ridhaa ya mume au mke kabla nyumba ya familia haijawekwa rehani, na Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inasema hivyohivyo. Watu wanaona ni usumbufu wa benki. Utatoa kiapo cha hali yako ya ndoa, mwenza atasaini ridhaa mbele ya wakili, serikali ya mtaa itakutambulisha, na kama una wake wawili sema una wake wawili. Ukificha, siku mambo yakiharibika yule uliyemficha anaenda mahakamani, kesi inakaa, na wakati kesi inakaa riba haisimami. Nimeona deni linakua kubwa kuliko nyumba yenyewe kwa staili hii, na wanaoumia ni watoto wenu.

Na mambo yakiharibika utaratibu uko hivi. Ukichelewa, adhabu inaanza kuhesabiwa kwenye kiasi kilichochelewa kwa kiwango kilichopo kwenye mkataba wako. Ikizidi siku 90 mkopo unaitwa chechefu, yaani mkopo usiolipwa, na taarifa zako zinasomeka hivyo kwa wakopeshaji wengine wote. Unapewa notisi ya maandishi ya siku 60, ikisema umekosea nini na urekebishe nini. Zikipita bila malipo benki ina haki ya kuuza. Kuna watu bado wanaambiana benki haiwezi kuuza nyumba bila amri ya mahakama, jamani hapana! Marekebisho ya Sheria ya Ardhi yaliyofanyika mwaka 2008 yaliliweka hilo wazi, rehani inaweza kuuzwa bila kupitia mahakamani ilimradi notisi zimefuatwa. Dalali anatoa tangazo la siku zisizopungua 14, mnada unafanyika. Gharama za dalali, wakili, tangazo, zote zinaongezwa kwenye deni lako. Ikiuzwa ikabaki chenji ni yako, ikipungua unaendelea kudaiwa. Na wewe una ulinzi pia, muuzaji analazimika kutafuta bei nzuri inayopatikana, ikiuzwa kwa bei iliyo chini ya soko kwa asilimia 25 au zaidi sheria inachukulia kwamba amekiuka wajibu wake mpaka athibitishe vinginevyo.

Nyumba nyingi zinazofika mnadani mwenyewe alikaa kimya, simu hapokei, barua anaweka kwenye droo. Njoo mwezi wa kwanza ukibanwa, usije wa saba. Na kama unaona umeonewa, andika malalamiko benki kwako kwanza, upewe namba ya kumbukumbu, usiporidhika peleka kwenye dawati la malalamiko la Benki Kuu. Haya niliyoandika ni utaratibu wa jumla, kinachokuhusu wewe ni mkataba wako, na kama una shauri mwone wakili.

Kabla ya kusaini barua ya ofa omba ratiba kamili ya marejesho, sio ule muhtasari wa ukurasa mmoja. Ina mistari 240 kwa miaka 20, inaonyesha kila mwezi riba ngapi, deni la msingi ngapi, salio ngapi. Nenda nayo nyumbani, kaa na mwenza wako, muangalie mstari wa 12, wa 60 na wa 190, halafu mrudi wote wawili na maswali yenu. Usione aibu kwamba unamchelewesha afisa, kuiprinti ni dakika mbili.