Bia haiishi motoni: tunayoambiana kuhusu soseji za kuchoma, na yaliyo kweli

Jumamosi jioni, ukipita chini ya maghorofa ya Donholm au Kahawa West, mitaa ya Nairobi, harufu ya makaa inakufuata kutoka roshani moja hadi nyingine. Zamani ilikuwa mbuzi tu. Siku hizi soseji nazo zimepata nafasi zake kwenye wavu, na kando ya jiko kuna sufuria ya vitunguu vinavyochemka kwenye bia. Nimepika hivyo nyumbani kwa miaka kadhaa na napenda chakula hiki kwa moyo wote. Ndiyo maana naumia nikisikia mambo yasiyo kweli yakipitishwa kutoka kwa mchomaji hadi mchomaji kama urithi, mengine yakiharibu chakula tu, mengine yakihatarisha watu.

"Pombe yote huisha motoni"

Naanza na hili kwa sababu ndilo lililonifunza. Shemeji yangu ana miaka minne tangu aache pombe. Alipokuja kututembelea mwezi wa Agosti nilimpakulia soseji mbili na vitunguu vya kutosha juu yake. Aliinama, akanusa, akauliza kwa sauti ya chini, "Shemeji, hapa umetia nini?" Nikamwambia asiwe na wasiwasi, pombe ilishaenda na mvuke. Akaisogeza sahani kando, akamwomba dada yake ugali na sukuma. Nilichomwambia nilikiamini kabisa. Lakini hakikuwa kweli, na pale mezani hakuna aliyehitaji ukweli huo kumzidi yeye.

Watu husema hivyo kwa sababu pombe safi huchemka kwenye nyuzijoto 78 za Selsiasi, kabla ya maji, kwa hiyo wanadhani itatangulia kuondoka yote na kuacha maji nyuma. Ndani ya bia haiwi hivyo. Pombe na maji vimeshikana na huondoka pamoja, kidogo kidogo. Wizara ya Kilimo ya Marekani ina jedwali la jambo hili: chakula kilichochanganywa na pombe kikichemka polepole kwa dakika 15 hubaki na asilimia 40 hivi ya pombe yake, kwa nusu saa, asilimia 35, kwa saa nzima, asilimia 25. Hata baada ya saa mbili na nusu bado kuna asilimia 5. Na wale wanaowasha moto juu ya sufuria ili "kuichoma pombe" hubaki na asilimia 75.

Tupige hesabu ya jikoni. Chupa ya nusu lita ya Tusker, yenye pombe ya asilimia 4.2, ina mililita 21 za pombe. Ukiichemsha nusu saa, zinabaki kama 7, nyingi zikiwa kwenye mchuzi na vitunguu kuliko kwenye soseji yenyewe. Ukizigawa kwa watu sita ni kidogo sana, nakubali. Lakini kwa aliyeacha pombe, kwa mama mjamzito, kwa mtoto, kwa jirani Muislamu, si kazi ya mpishi kuamua kwamba kidogo hicho si kitu. Kazi yake ni kusema. Nami sasa huweka sufuria mbili: moja ya bia, nyingine ya vitunguu, maji ya ukwaju na haradali kidogo, na kila sufuria ina koleo lake. Usikimbilie bia isiyo na kilevi ukidhani umemaliza tatizo, maana nyingi huruhusiwa kuwa na hadi asilimia 0.5. Muulize mgeni kwanza.

"Ukiziroweka usiku kucha, bia inaingia mpaka ndani"

Chukua soseji iliyolala kwenye bia nyeusi tangu jana yake, uikate katikati. Utaona mstari mwembamba wa kahawia kwenye ngozi, halafu nyama ya ndani ina rangi ileile iliyotoka nayo dukani. Chumvi husafiri ndani ya nyama. Ladha nyingine nyingi hazivuki milimita chache, na soseji ina ngozi inayozuia zaidi. Saa moja au mbili zinatosha, ndani ya friji. Ukizidisha unapata ngozi iliyolowa, na ngozi iliyolowa haishiki rangi upesi kwa sababu moto unahangaika kukausha maji kwanza.

Ladha ya bia inapatikana kwenye kitunguu. Katika mji wa Sheboygan, jimbo la Wisconsin huko Marekani, ambako wahamiaji wa Kijerumani walikwenda na soseji zao, wengi huanza kwa kuchoma, kisha huzitia kwenye sufuria ya bia, siagi na vitunguu zisubiri wageni. Wengine hutangulia kuchemsha, ndipo wachome. Njia zote mbili ni nzuri. Mimi huchemsha kwanza, kwa sababu nitakazoeleza hivi punde, na nikishachoma nazirudisha dakika tano kwenye vitunguu vilivyokwisha kukauka na kuwa kama rojo. Hapo ndipo bia inasikika mdomoni.

"Itoboe kwa uma isije ikapasuka"

Hili ndilo kosa ninaloliona kila mahali, hata kwa watu wanaojua kuchoma mbavu vizuri kuliko mimi. Uma unaingia mara tatu, nne, na mafuta yanaanza kudondoka. Mafuta hayo ndiyo utamu wenyewe. Yakifika kwenye makaa yanawaka, ulimi wa moto unapanda, na moshi mweusi unarudi kutua juu ya soseji. Unaishia na kitu kilichoungua nje na kikavu ndani, halafu kiwanda ndicho kinacholaumiwa.

Kinachopasua soseji ni moto wa haraka. Maji ya ndani yanageuka mvuke kwa kasi wakati ngozi nayo inajikaza, na njia inakosekana. Dawa yake ni kutangulia kuziivisha taratibu kwenye bia na vitunguu. Nairobi iko kama mita 1,795 juu ya usawa wa bahari, kwa hiyo maji yetu huchemka kwenye nyuzijoto 94 hivi, si 100, lakini hata hizo ni nyingi mno kwa soseji. Sitaki itokote. Nataka sufuria ianze kuimba, vipovu vidogo vikipanda pembeni, na ibaki hapo dakika 10 hadi 15. Kisha nazitoa, nazipangusa zikauke, na kuzipeleka kwenye makaa yaliyokwisha kuvaa majivu ya kijivu. Kipimo changu ni kiganja: nikikiweka juu ya wavu na kuhesabu mpaka tano kabla ya kukiondoa, moto uko sawa. Kutoka hapo ni kuzigeuzageuza kwa koleo mpaka zishike rangi pande zote.

"Bia huua viini"

Bia ya asilimia 4 au 5 haina nguvu hiyo. Soseji mbichi inayorowekwa mezani kuanzia saa sita mchana ikisubiri wageni wa saa kumi iko kwenye joto ambalo bakteria hulipenda; Shirika la Afya Duniani linashauri chakula cha namna hiyo kisikae nje ya friji zaidi ya saa mbili. Bia iliyorowekea soseji mbichi nayo si mchuzi. Ukitaka kuitumia tena, ichemshe kwanza mpaka itokote kabisa, na usiipakaze mbichi juu ya soseji zilizokwisha kuiva.

Kuna wanaosema smoki, zile soseji za kufukizwa moshi, hazina shida kwa kuwa zimeshaiva kiwandani. Zimeiva, ndiyo, na mtu anaweza kuzipasha tu, lakini nyama iliyoiva inaweza kuingiwa na vijidudu baadaye. Kati ya 2017 na 2018 zaidi ya watu 200 walikufa Afrika Kusini kwa ugonjwa wa listeria, na chanzo kilipatikana kwenye poloni, nyama iliyokuwa tayari kuliwa. Zipashe mpaka zitoe mvuke kutoka katikati.

"Ikishika rangi imeiva"

Rangi ya nje inakueleza habari za makaa tu. Hata uwaridi wa ndani haukuambii mengi, kwa maana chumvi za naitraiti zinazotiwa kiwandani huibakiza nyama ikiwa na rangi hiyo hata ikiiva. Soma pakiti ujue kama soseji ni mbichi, halafu tumia kipimajoto cha nyama, ukikichoma kutoka kwenye ncha hadi katikati mara moja tu, mwishoni. Za ng'ombe na nguruwe zifike nyuzijoto 71, za kuku 74. Kwa za nguruwe sina mzaha hata kidogo. Minyoo ya tegu ingalipo nchini mwetu.

"Bia nyeusi huondoa saratani kwenye nyama choma"

Hili lina mzizi wa kweli, ndiyo maana linadumu. Mwaka 2014 watafiti wa Ureno na Uhispania waliroweka nyama ya nguruwe kwenye bia kwa saa nne, wakaichoma kwa makaa, wakapima kemikali za moshi zinazohusishwa na saratani. Bia nyeusi ilizipunguza kwa asilimia 53 ikilinganishwa na nyama isiyorowekwa. Bia ya kawaida ilipunguza kwa asilimia 13, na ile isiyo na kilevi kwa 25. Tazama hizo mbili za mwisho: isiyo na kilevi iliishinda yenye kilevi. Basi sifa si ya pombe.

Lakini ile ilikuwa nyama ya vipande, haikuwa soseji. Na kupunguza nusu ya kitu si kukimaliza. Mwaka 2015 shirika la kimataifa la utafiti wa saratani, lililo chini ya Shirika la Afya Duniani, liliweka nyama za kusindikwa, soseji zikiwemo, kwenye kundi la vitu vinavyojulikana kusababisha saratani kwa binadamu. Gramu 50 kila siku huongeza hatari ya saratani ya utumbo mpana kwa asilimia 18 hivi. Mkazo uko kwenye "kila siku". Mimi nachoma mara mbili kwa mwezi, naweka kachumbari nyingi, na sehemu iliyoungua naikata naitupa. Sitamwambia mgeni wangu kwamba bia nyeusi imemlinda.

"Bia yoyote, na ikiwa chungu ndiyo bora"

Uchungu wa bia unatoka kwenye hopsi, maua yanayotiwa wakati wa kuitengeneza, na bia inapopungua sufuriani uchungu hauondoki, unakolea. Lager nyepesi, ile bia ya kawaida ya rangi ya dhahabu, haina matata. Bia nyeusi ina ladha ya shayiri iliyokaangwa na inapendeza, ila usiikaushe sana bila kitunguu kingi na kijiko cha asali. Lile swali la baa, baridi au moto, hapa halina maana; ya moto kutoka kwenye kreti inafanya kazi ileile.

"Moto ukiruka, umwagie bia"

Majivu yatapanda na kukaa juu ya chakula. Kama jiko ni la udongo ndani, baridi ya ghafla inaweza kupasua kigae chake. Sogeza soseji pembeni, subiri mafuta yaungue, urudi.

"Nje kuna baridi, acha tuingize jiko ndani, moshi umeisha"

Julai ya Nairobi inajulikana, na vyumba vyetu vingi ni vidogo. Soseji zimeisha, makaa bado yanang'aa, watoto wanatetemeka, mtu anasema ni hasara kuyazima. Tafadhali msifanye hivyo. Makaa yasiyotoa moshi bado yanatoa kaboni monoksidi, gesi isiyo na rangi wala harufu, inayochukua nafasi ya oksijeni kwenye damu. Anayeivuta huumwa kichwa, huhisi usingizi, hudhani ni uchovu au bia alizokunywa, hulala, na kuna familia ambazo hazikuamka. Kufungua dirisha nusu hakutoshi. Roshani yenyewe, kama imezibwa kwa vioo, ni chumba. Hata kuchomea mlangoni, upepo ukielekea ndani, ni kuipeleka gesi kitandani.

Jiko langu hulala nje mpaka asubuhi, mbali na mlango. Mawingu yakitanda nalifunika kwa sufuria kuukuu, na majivu huyamwaga siku inayofuata, yakiwa yamepoa kabisa.