Shilingi 105 kwa Mwezi: Maasi ya Colito na Madai ya Mshahara

Mwaka wa tatu wa uhuru ukianza, askari wa kawaida wa Tanganyika Rifles, jeshi la nchi wakati huo, alikuwa akipokea shilingi 105 kwa mwezi. Tarishi au mfagizi wa Dar es Salaam, kwa upande wake, alilindwa na kima cha chini cha shilingi 150, kilichoanza kutumika Januari 1963 baada ya kazi ya bodi iliyoongozwa na Donald Chesworth. Ni kweli kwamba askari alikula, alilala na kuvaa kwa gharama ya serikali. Lakini mke na watoto aliowaacha Musoma au Iringa hawakuwa wakila mesi ya kambini.

Naanza na hesabu hiyo kwa makusudi. Utafiti wangu ni wa historia ya kazi na vyama vya wafanyakazi, na jeshi niliingia kwa mlango wa nyuma. Wenzangu wa historia ya siasa wakiyasoma maasi ya Januari 1964, yaliyoanzia kambi ya Colito, Dar es Salaam, huona jaribio la kuipindua serikali, au njama, au mkono wa nje. Mimi nikiyasoma naona mgomo wa watu wenye bunduki. Naamini ukiyaanzia hapo, mambo mengi ya Tanzania yaliyofuata, kuanzia NUTA, chama kimoja cha wafanyakazi wote, hadi JKT, yanaeleweka kwa urahisi zaidi.

Jeshi lenyewe lilizaliwa kama mwajiri. King's African Rifles (KAR), jeshi la Waingereza la Afrika Mashariki, iliundwa 1902, na Tanganyika ilipotoka mikononi mwa Wajerumani, batalioni ya 6 ndiyo iliyokuja kuhesabiwa kuwa ya hapa kwetu. Kijana alijiunga kwa sababu kodi ilimdai, au kwa sababu mashamba ya mkonge yalilipa vibaya zaidi. Katika Vita vya Pili vya Dunia zaidi ya Watanganyika 80,000 walivaa sare. Walipigana Ethiopia, Madagaska na Burma. Kambi kuu mbili za jeshi zilibeba kumbukumbu za vita hivyo: Colito ya Dar es Salaam ni jina la mapigano ya Ethiopia ya 1941, na Kalewa ya Tabora ni mji wa Burma. Viboko vilikuwa adhabu halali jeshini hadi 1946, yaani mwaka mmoja baada ya vita kwisha.

Desemba 9, 1961, siku ya uhuru, batalioni hiyo ilipewa jina jipya, Tanganyika Rifles. Maofisa wengi wakabaki walewale, na maasi yalipotokea mkuu wa jeshi bado alikuwa Mwingereza, Brigedia Patrick Sholto Douglas. Sajini wa Kiafrika mwenye miaka mingi kazini aliendelea kumpigia saluti luteni kijana aliyetoka Uingereza jana.

Manung'uniko hayo yalikuwa yamejaa mtaani kabla hayajafika kambini. Makuli wa bandari ya Dar es Salaam waligoma Septemba 1947, na mgomo ukasambaa kwa reli hadi bara. TFL, shirikisho la vyama vya wafanyakazi, liliundwa 1955, na katibu mkuu wake wa kwanza alikuwa Rashidi Kawawa. Vyama vilisaidia kuleta uhuru, kisha vikataka malipo ya kazi hiyo: mishahara bora na Waafrika wapewe nafasi za juu upesi. Serikali iliona vinakwenda mbio kuliko nchi. Mwaka 1962 Bunge lilipitisha sheria iliyofanya mgomo halali kuwa karibu muhali, na mwaka huohuo ikapita sheria ya kuweka watu kizuizini bila kesi. Victor Mkello, rais wa TFL, alipelekwa Sumbawanga mapema 1963 akatulie.

Halafu, mwanzoni mwa Januari 1964, Mwalimu Nyerere akatangaza kwamba kuanzia sasa raia wote watatendewa sawa serikalini katika kuajiriwa na kupandishwa vyeo, bila kujali rangi. Kimsingi alikuwa sahihi, na mimi ningesaini waraka ule. Lakini jiweke katika viatu vya sajini wa Colito: cheo alichokingoja tangu uhuru kilikuwa bado hakijamfikia, na tayari anaambiwa kipaumbele chake kama Mwafrika kimefutwa.

Januari 12 Zanzibar ilipinduliwa. Siku chache baadaye askari polisi wapatao 300 walitumwa visiwani kutoka Dar es Salaam, na jiji likabaki na walinzi wachache.

Usiku wa Januari 19 kuamkia 20, king'ora cha hatari kililia Colito. Maofisa wa Kiingereza waliotoka kuangalia kuna nini walikamatwa mmoja mmoja na kutiwa mahabusu. Baada ya hapo askari waligawana kazi kwa nidhamu waliyofundishwa na maofisa haohao: kundi hili uwanja wa ndege, lile Ikulu, jingine kituo cha redio. Peter Bwimbo, mkuu wa walinzi wa rais, alikwisha kumtoa Mwalimu pamoja na Kawawa na kuwavusha Kigamboni. Aliyebaki kuongea na waasi ni Oscar Kambona, waziri aliyeshika mambo ya nje na ulinzi. Alikwenda kambini akakuta umati wenye silaha unaomsubiri.

Nikifundisha mada hii, hapo ndipo huwaomba wanafunzi wasome polepole. Askari hawakumtaka Kambona ajiuzulu. Hawakutaka uchaguzi, wala hawakutangaza rais mpya. Walitaka mambo mawili: Waingereza waondoke, na mshahara upande hadi shilingi 260. Kambona alikubali Waingereza waende zao na akaahidi mazungumzo ya mshahara. Maofisa wakapandishwa ndege kwenda Nairobi, na jioni wengi wa askari walikuwa wamerudi kambini. Kiongozi wa chama cha makuli angeitambua meza ile ya majadiliano bila kuelezwa. Tofauti ni bunduki iliyokuwa mezani, na tofauti hiyo ni kubwa. Kariakoo na Magomeni maduka ya Waarabu na Wahindi yalivunjwa na kuporwa, na watu walikufa. Sitaki mtu asome makala hii akadhani nawasafisha.

Tabora ilifuata Januari 21, na huko waasi wenyewe walimweka Kapteni Mirisho Sarakikya awaongoze. Januari 23 moto uliruka hadi Jinja, Uganda, na 24 hadi Lanet, Kenya. Ni majeshi matatu yaliyorithiwa kutoka KAR ileile, yakiwa na madai yanayofanana, ndani ya juma moja. Nadharia ya njama ya nje inapata shida hapo. Mpangaji gani angehitajika, wakati askari wa nchi tatu walikuwa na mwajiri mmoja, kanuni moja, na redio ya kuwaambia kwamba jirani amefanikiwa?

Mwalimu alirudi mjini akazungumza redioni, akatembea mitaani, na mambo yakaonekana yametulia. Kisha zikaja habari kwamba baadhi ya viongozi wa vyama vya wafanyakazi wamekutana na waasi, na kwamba mgomo mkuu unaandaliwa. Kwa aibu aliyoikiri waziwazi, aliomba msaada wa Waingereza. Alfajiri ya Januari 25 makomandoo wa 45 Commando walishuka Colito kwa helikopta kutoka manowari HMS Centaur. Walirusha kombora kwenye chumba cha walinzi, askari wachache wakafa, na batalioni ikasalimu amri. Nchi iliyojivunia uhuru wake ikawa imelindwa na mkoloni wake wa juzi. Baadaye batalioni ya Nigeria ilikuja kushika zamu hadi jeshi jipya lisimame.

Kwa historia ya kazi, siku zilizofuata zina uzito kuliko helikopta. Viongozi wa vyama wapatao 200 walikamatwa. Mwezi Februari TFL ilivunjwa kwa sheria, na badala yake kikaundwa chama kimoja cha wafanyakazi wote, NUTA, kilichofungamana na TANU. Katibu mkuu wake, Michael Kamaliza, alikuwa wakati huohuo Waziri wa Kazi. Fikiria: unapeleka malalamiko dhidi ya serikali kwa mtu ambaye mchana huohuo anakaa Baraza la Mawaziri.

Waasi wenyewe walishtakiwa, na Sajini Francis Hingo Ilogi, aliyetajwa kuwa kinara, alifungwa miaka 15. Askari wengine wengi walifukuzwa na kurudishwa kwao. Kwa maoni yangu, pigo zito la Januari 1964 liliwaangukia makuli, wafanyakazi wa reli na wa mkonge, ambao wengi wao hawakushika bunduki wala kuvunja duka. Haki yao ya kuwa na chama kinachoweza kusema hapana iliondoka na haikurudi kwa miongo karibu mitatu. Walipata vitu pia, tusiseme uongo: sheria ya usalama wa ajira ya 1964 ilimzuia mwajiri kumfukuza mtu ovyo, na mfuko wa akiba, NPF, ulianza mwaka huohuo. Walibadilishana sauti kwa ulinzi, ila hakuna aliyewauliza kama wanataka kubadilishana.

Jeshi jipya lilitafutwa kwingine kabisa. Siku ileile waasi walipokamatwa, Mwalimu aliwaita vijana wa TANU Youth League wajiandikishe katika ofisi za chama zilizo karibu nao. JWTZ ilizaliwa rasmi Septemba 1, 1964, chini ya Sarakikya. Askari sasa aliruhusiwa, tena alitarajiwa, kuwa mwanachama wa TANU. Kambi ya Colito ikaitwa Lugalo, mahali Wahehe wa Mkwawa walipokiangamiza kikosi cha Wajerumani cha Zelewski Agosti 1891. Jibu la serikali kwa askari aliyejiona mwajiriwa lilikuwa kumfanya mwananchi na kada, mtu ambaye hangefikiria kudai kwa sababu nchi ni yake.

Wazo hilohilo likaingia JKT. Jeshi la Kujenga Taifa lilikuwapo tangu Julai 10, 1963, likiwa la vijana wa kujitolea wanaolima, wanaojenga na kucheza kwata. Oktoba 1966 sheria ikaletwa kuwalazimisha wahitimu wa vyuo na sekondari ya juu kulitumikia: miezi ya mwanzo kambini, kisha muda uliobaki katika kazi zao za kawaida wakipokea asilimia 40 tu ya mshahara. Oktoba 22 wanafunzi waliandamana hadi Ikulu wakiwa na mabango, moja likidai kwamba enzi ya ukoloni ilikuwa afadhali. Bango lile lilimchoma Mwalimu. Alikubali kwamba mishahara ya wakubwa ni mikubwa mno, akakata wake kwa asilimia 20 palepale, kisha wanafunzi 393 wakarudishwa vijijini kwao. Wengi waliruhusiwa kurudi masomoni 1967. Azimio la Arusha lilikuja Februari mwaka huo, na sioni namna ya kulieleza bila mchana ule wa Ikulu.

Wasomi wale hawakupendwa na mtu, na waliopata kulima katika kambi za JKT za Ruvu au Makutupora kwa mujibu wa sheria bado huwacheka. Lakini madai yao yalikuwa ya ukoo mmoja na ya Colito: mkataba wa kazi umebadilishwa bila mimi kuwapo.

Uganda ilijibu tofauti. Obote aliwapandishia askari mishahara kwa haraka na kuliacha jeshi karibu kama lilivyokuwa. Kamanda wa batalioni ya Jinja baada ya maasi akawa Idi Amin. Mwaka 1971 Amin akachukua nchi, na Oktoba 1978 akavuka mpaka na kuliteka eneo la kaskazini ya mto Kagera. Waliomrudisha hadi Kampala, ilipoanguka Aprili 11, 1979, ni JWTZ, mgambo na vijana wa JKT: majibu mawili ya Januari 1964 yalikutana uwanja wa vita. Kwa hiyo siwezi kusema Mwalimu alikosea kuhusu jeshi. Nasema tu kwamba bili ililipwa na makuli.

JKT ya lazima ilisimama 1994 fedha zilipokwisha, ikarudi 2013 ikiwa fupi zaidi. Wa kujitolea ndio waliobaki na uzito, maana kwa kijana asiye na ajira kambi ni njia ya kuonekana na JWTZ, Polisi au Magereza. Aprili 2021 Jeshi lilitangaza kwamba limewafukuza vijana 854 wa JKT waliogoma Dodoma wakidai kuajiriwa jeshini baada ya kutumikia miradi ya ujenzi. Mitandaoni wengi waliandika kwamba vijana wa siku hizi hawana nidhamu. Niliyasoma madai yao nikiwa na faili la 1964 mezani. Walichotaka kilikuwa kazi, na waliona wamekwisha kuifanya. Tangazo la kuita vijana wa kujitolea hutoka na maelezo kwamba JKT haitoi ajira, na waombaji huyasoma, husaini, na kwenda kambini wakiitafuta.