Chopsi ya nguruwe na vitunguu vya karameli kwenye kikaango kimoja: anza na kitunguu

Maelekezo mengi ya chakula hiki yanakutaka ukaange nyama kwanza, uitoe, kisha upike vitunguu kwenye mafuta yaliyobaki. Mimi nashauri kinyume chake, na sababu ni muda. Chopsi yenye unene wa sentimita 3 haizidi dakika 12 motoni. Vitunguu vya karameli vya kweli, yaani vilivyopikwa polepole hadi sukari yao ikageuka ya kahawia, vinataka dakika 45, na sijaona ujanja wa kuvifikisha huko kwa dakika 15. Ukitanguliza nyama, itabidi ikae pembeni ikipoa na kuvuja maji yake muda wote huo, au sivyo utaharakisha vitunguu na kuviepua vikiwa vimelainika tu. Wengi huangukia hilo la pili bila kujua, ndiyo maana mchuzi wao unanukia kitunguu cha kuchemsha.

Vipimo hivi ni vya watu wawili. Chopsi mbili za mgongo zenye mfupa, kila moja kama gramu 280, unene wa sentimita 2.5 hadi 3. Vitunguu maji gramu 700, yaani vinne au vitano vya wastani. Siagi gramu 20, na kipande kingine kidogo cha kumalizia. Mafuta ya kupikia vijiko vikubwa 2. Supu ya kuku isiyotiwa chumvi mililita 200. Unga wa ngano, haradali na siki, kijiko kidogo kimoja kimoja. Chumvi na pilipili manga. Kikaango kiwe kizito, upana wa sentimita 28, cha chuma cheusi au cha chuma kisichoshika kutu. Kile kisichogandisha chakula kitakuivishia nyama vizuri tu, ila hakitakupa ukoko, na ukoko ndio roho ya mchuzi huu.

Kabla ya kushika kisu cha vitunguu, shughulikia nyama. Ifute kwa karatasi ya jikoni, kisha nyunyiza chumvi laini nusu kijiko kidogo kwa kila chopsi, pande zote, pamoja na ule ukingo wa mafuta. Iache juu ya sahani. Dakika chache baadaye utaona uso wake umelowa, matone yametokeza kama jasho. Hiyo ni chumvi inavuta maji nje. Ukiikaanga wakati huo, maji hayo yatachemka kikaangoni na nyama itatoka ya kijivu. Subiri. Ikipita dakika ya 40, maji yale yenye chumvi yanakuwa yamerudi ndani kwa sehemu kubwa, nyama imekolea, na inashika maji yake vizuri zaidi ikiwa motoni. Hapa ndipo mpangilio wa kitunguu kwanza unapojilipa: muda ambao kitunguu kinauhitaji ndio huohuo ambao chumvi inauhitaji. Kama jikoni kuna joto kali, weka sahani kwenye friji.

Bado jambo moja kwenye nyama. Kati ya mafuta ya ukingoni na mnofu kuna utando mweupe, mgumu, unaopinda kufuata umbo la chopsi. Ukipata moto unajikunja haraka kuliko mnofu, na chopsi inajikusanya kama bakuli, katikati ikiwa imeinuka haigusi kikaango. Kata mafuta hayo mara tatu, kwa umbali wa sentimita 3 hivi, kisu kipite kwenye utando kisiingie ndani ya mnofu.

Sasa vitunguu. Vikate nusu kutoka kwenye mzizi hadi kichwani, kisha uvikate vipande vyembamba kufuata mwelekeo huohuo, unene wa milimita 4 au 5. Vikikatwa kwa kukingama, yaani kwa mviringo, vinalegea na kuwa rojo mapema. Na vikiwa vyembamba mno, kingo zinaungua kabla ya katikati kubadilika rangi.

Yeyusha siagi pamoja na kijiko kikubwa kimoja cha mafuta kwenye moto wa wastani, tia vitunguu vyote na chumvi nusu kijiko kidogo, geuza, funika. Kikaango kitajaa hadi kufurika, usijali. Kitunguu ni maji kwa karibu asilimia 90, na kazi ya dakika 10 za kwanza ni kuyatoa maji hayo. Ukifunua utakuta vimelala, vimekuwa nusu ya vilivyokuwa, vinaogelea. Ondoa kifuniko usikirudishe tena. Maji yakiwapo, joto haliwezi kupanda sana juu ya nyuzi 100, na rangi ya kahawia haitakuja hata ungengoja saa nzima.

Maji yakikauka, sauti inabadilika. Badala ya kutokota unasikia mlio mwembamba, mkavu. Punguza moto kidogo. Kuanzia hapa kuna mambo mawili yanayotokea kwa pamoja: sukari ya kitunguu inavunjika na kugeuka karameli, na sehemu ya sukari hiyo inaungana na asidi amino (vijenzi vya protini) kufanya ule mmenyuko aliouelezea mwanakemia wa Ufaransa Louis Camille Maillard mwaka 1912, ambao ndio unaoupa mkate na nyama choma harufu yao. Huu wa pili unaanza mapema, na ndio wenye ladha nzito.

Geuza kila baada ya dakika tatu, baadaye kila dakika moja na nusu. Chini ya kikaango patajitandaza utando wa kahawia, unanata. Huo ni ukoko wako wa kwanza. Mwaga maji vijiko vikubwa viwili juu yake, utasikia yanachachatika, kisha ukwangue kwa mwiko wa mbao huku ukiuchanganya na vitunguu. Ndani ya nusu dakika rangi yote ile inahamia kwenye vitunguu, kikaango kinabaki safi, na mchezo unaanza upya. Rudia mara nne au tano. Usikwangue mapema mno, ukoko ukiwa bado na rangi ya majani makavu. Ngoja uwe kama asali nzito. Ukiona weusi mahali popote umechelewa, na weusi huo ni uchungu mtupu. Pahali penyewe pakiwa padogo, usipakwangue: hamishia vitunguu kwenye sahani, osha kikaango, endelea.

Vimekuwa tayari vikifikia rangi ya tende, vimeshikana kama jamu, na vimebaki kiasi cha kikombe kimoja hivi. Wapo wanaotia magadi soda kidogo ili vibadilike rangi haraka. Ni kweli vinabadilika, kwa sababu mmenyuko wa Maillard unapenda mazingira ya alkali. Lakini alkali hiyohiyo inavunja pektini inayoshika nyuzi za kitunguu, unaishia na rojo lenye ladha ya sabuni kwa mbali. Kwa chakula hiki mimi nasema hapana. Sukari nayo usiongeze. Kitunguu kinayo ya kutosha.

Toa vitunguu uviweke bakulini. Hapa pana kosa ambalo wengi hawalioni hadi nyama imeharibika: kikaango kimebaki na utando mwembamba wa sukari. Ukikipasha moto mkali kilivyo, sukari hiyo itaungua ikiwa chini ya chopsi, na mchuzi wote utakuwa mchungu. Kwa hiyo mwaga maji vijiko vikubwa vitatu, kwangua pande zote, mimina maji hayo kwenye bakuli la vitunguu (usiyatupe, ni ladha tupu), kisha futa kikaango kikauke kabisa.

Futa nyama tena, hata kama inaonekana kavu. Pasha kijiko kikubwa cha mafuta kilichobaki kwenye moto wa wastani unaoelekea kuwa mkali, hadi mafuta yaanze kumetameta. Simamisha chopsi zote mbili kwa ukingo wa mafuta, zishike kwa koleo dakika mbili, mafuta yao yayeyuke na ukingo uwe wa dhahabu. Kisha zilaze. Dakika tatu upande wa kwanza bila kuzigusa, mbili na nusu upande wa pili, baada ya hapo zigeuze kila dakika moja ili joto liingie sawasawa. Pilipili manga isubiri mchuzi, kwa kuwa kwenye moto huu inaungua.

Chomeka kipimajoto kutokea ubavuni, ncha ifike katikati ya mnofu bila kugusa mfupa. Ikisoma nyuzi 56 au 57, toa nyama. Haijaiva, itamalizikia kwenye mchuzi.

Punguza moto. Bakisha mafuta kama kijiko kikubwa kimoja, mengine yamwage. Tia unga, ukoroge nusu dakika, kisha mimina supu huku ukikwangua ukoko wa pili, huu wa nyama. Rudisha vitunguu, weka haradali, acha vichemke dakika tatu hadi mchuzi ushike mgongo wa kijiko. Nilisisitiza supu isiyo na chumvi kwa sababu hapa ndipo maji yanapopungua na chumvi kubaki. Kwa supu ya mchemraba mchuzi unaweza kuwa wa chumvi kupita kiasi. Zirudishe chopsi pamoja na maji yaliyochuruzika sahanini, na uzipike kwa moto mdogo dakika mbili au tatu hadi kipimajoto kisome nyuzi 63. Epua, zipumzike dakika tatu humohumo. Siki, pilipili manga na kile kipande cha siagi vinaingia moto ukiwa umezimwa, maana siagi ikichemka inaachana na mchuzi na kuelea. Siki usiiruke. Vitunguu hivi vina utamu mwingi, bila uchachu kidogo unachoka baada ya tonge la tatu.

Hizo nyuzi 63 na mapumziko ya dakika tatu ndicho kiwango cha Idara ya Kilimo ya Marekani tangu mwaka 2011 kwa nyama ya nguruwe isiyosagwa. Kabla ya hapo kilikuwa 71. Katikati patakuwa na wekundu mwepesi, nao si ubichi. Lakini kiwango hicho kinahusu nyama iliyokaguliwa. Kama hujui ilikotoka, au hakuna mkaguzi aliyeitazama, usibahatishe na minyoo ya tegu: ipike hadi nyuzi 71 na zaidi. Na ukiona vijifuko vyeupe kama punje za mchele ndani ya mnofu, usiipike, usiile.

Chopsi nyembamba za sentimita 1 hazifuati ratiba hii hata kidogo. Zikaange upande wa kwanza dakika mbili tu, upande wa pili nusu dakika, na zisichemkie kwenye mchuzi, umwagie juu. Chopsi za shingo au bega nazo ni habari nyingine: zina mafuta na kano nyingi, nyuzi 63 zitakupa nyama ya kutafuna bila kumeza. Hizo zikaange zipate rangi, kisha zifunike kwenye mchuzi kwa moto mdogo dakika 50 hadi 60, ukiongeza supu mililita 150.

Vitunguu unaweza kuvipika mapema, hata kilo moja na nusu kwa kikaango kikubwa zaidi. Vinakaa kwenye friji siku nne, na vinagandishwa vizuri kwenye vifurushi vidogo. Siku ya kuvitumia, kumbuka tu kwamba nyama bado inadai dakika zake 40 za chumvi.